Zeze la Nyamvula

Tangu muziki wa kuliza watu upigwe marufuku, kila nyumba iliwekewa ukutani kisikizi cha serikali, kifaa cha kunasa muziki huo. Nyamvula, aliyetungia muziki filamu za watengenezaji huru kwa miaka ishirini, alikuwa sebuleni akipiga zeze kwa ajili ya filamu mpya ya mama anayemzika mwanawe. Kisikizi kikamwonya mara mbili.

"Mama Mbeyu, weka japo kinanda kilichochangamka," mumewe Chirima akamsihi. "Watakunyang'anya leseni."

"Mwenzetu anazika, nawe wataka nimchezeshe ngoma?"

Akaendelea. Onyo la tatu, la mwisho kabla ya kukamatwa, lilipolia, Chirima alikuwa ameketi sakafuni akimlilia Mbeyu, binti yao, kwa mara ya kwanza tangu wamzike. Nyamvula hakuacha kupiga, hata aliposikia gari likisimama mlangoni.