Jina Jipya Mlangoni

Rangi ilikuwa bado mbichi. Kanze alisukuma mlango wa ofisi yake kwa kiganja, achukue miwani kisha aende kikaoni kujitetea, na kiganja kikanata.

Alirudi nyuma, akatazama. Palipokuwa na jina lake, afisa wa uvuvi, sasa pana jina la mtu mwingine, linameremeta, herufi za mwisho zimevurugwa na kiganja chake.

Kikao chenyewe hakijafunguliwa! Shahidi wake bado yuko kwenye benchi la nje, mvuvi wa Ngomeni aliyekuja kueleza kwamba siku anayodaiwa kutoroka kazini, Kanze alikuwa baharini akikagua nyavu.

Aliingia ukumbini vivyo hivyo, mkono umelowa rangi nyeusi.

"Karibu, Bi Kanze," mwenyekiti wa kamati alisema, akikoroga chai. "Jitetee bila hofu, mwanangu. Hatujaamua lolote."

"Lolote, mzee wangu?"

"Lolote wallahi."

Kanze aliubandika mkono juu ya kitambaa cheupe cha meza, akaukandamiza. Alipouinua, alama nyeusi ya kiganja ilibaki mbele ya sahani ya mahamri.

"Basi jina lililo mlangoni mwangu limeandikwa na jini?"

Wanakamati waliacha kutafuna. Mwenyekiti aliikodolea macho ile alama, akaweka kijiko chini.

"Umechafua mali ya serikali," alisema hatimaye. "Omba radhi kwanza, ndipo tukusikilize."

Kanze alivuta kiti, akaketi.

"Siombi."