Kupe wa Shingoni

Tangu enzi za mababu, ndege Shashi na ukoo wake walikula kupe migongoni mwa nyati. Kisha Nyani akachimba josho la dawa, nyati wakaoga, kupe wakafa wote.

"Ondokeni," Nyani aliwaambia ndege. "Kelele zenu zinatuchosha, na kazi yenu imekwisha."

"Kazi yetu huijui, Mzee Nyani," Shashi akajibu, akavuka mto na wenzake.

Haikuchukua muda, Simba akanyemelea hadi ukingoni mwa josho, na safari hii hapakuwa na ndege wa kumwona na kupiga kelele. Dume la nyati alinusurika kwa kuuacha mkia wake kinywani mwa Simba.

Nyati wakagoma kuoga, na kupe wakaanza kurudi. Nyani akamfuata Shashi ng'ambo, amefyata mkia.

"Rudini, nitawalisha mahindi."

"Hatutaki kulishwa. Josho libaki, ila dawa isifike shingoni. Kupe wa shingoni ni wetu na wajukuu wetu."

"Shingo nzima?"

"Basi panda wewe, umchunge Simba."

Nyani akarudi kupunguza kina cha dawa. Kesho yake nyati waliingia joshoni shingo kavu, na juu ya kila shingo kulikuwa na shashi anayekula huku akipiga kelele atakavyo.