Mchuzi wa Kulowekea Kuku

"Usimpe kisu mpaka aombe," Mama alinong'ona. "Wala usimwonyeshe chochote kilipo. Mtazame tu, halafu uje uniambie."

Msichana akaitikia kwa kichwa, kisha akakumbuka kwamba Mama haoni. "Ndiyo, Mama," akasema, akarudi jikoni.

Mgeni alikuwa amesimama katikati ya jiko, mikono nyuma, kama mtu aliyeitwa na mkubwa wake wa kazi. Alikuwa amefika asubuhi na begi moja, akaanguka miguuni pa Mama, akalia, akasema yeye ndiye yule mwanawe aliyeondoka akiwa kijana asirudi. Mama hakulia. Alimpapasa uso, paji mpaka kidevu. Kisha akasema, "Mwanangu alifundishwa na baba yake kuloweka kuku. Nilowekee kuku, tutaongea baadaye."

Marehemu baba alikuwa mpishi wa meli ya mizigo. Mchuzi huo wa matunda aliutoa Kuba, akaja kuwafundisha watoto wake wawili, basi. Majirani waliomba wakachoka. Siku hizi anayeutengeneza ni msichana, Mama akimwelekeza kutoka kwenye kiti chake cha kibarazani: ongeza hiki, punguza kile.

Nyumba ilikuwa na vyumba viwili tu, na leo mtu mmoja angetoka humo na mzigo wake. Msichana alilijua hilo tangu mgeni alipobisha hodi.

"Machungwa machachu yapo?" mgeni akauliza.

"Hakuna. Yapo matamu."

"Basi nipe na ndimu. Baba alikuwa akichanganya hivyo yakikosekana."

Msichana akampa ndimu. Hilo mtu yeyote angeweza kulibuni, akajiambia. Chungwa na ndimu, kuna siri gani hapo?

Mgeni akaomba kisu. Akaanza kumenya vitunguu saumu, haraka, bila kuangalia vidole.

"Zamani hii ilikuwa kazi yako, dada. Ukimenya punje mbili tu, unalia kama umefiwa."

"Sikumbuki."

"Ulikuwa mdogo." Akainua macho, akamtazama kwa muda ambao msichana aliuona mrefu. "Umebadilika mno. Tungekutana njiani ningekupita."

"Na mimi ningekupita."

Mgeni akacheka. Msichana hakucheka. Aligeuka, akajifanya anatafuta chumvi, na chumvi ilikuwa mbele yake.

Alipogeuka tena, mgeni alikuwa ameshika kitambaa cha kufutia vyombo. Alikilowanisha bombani, akakikamua, akakikunja mara mbili, akakitandika mezani. Juu yake akaweka kinu kidogo cha kutwangia vitunguu.

"Cha nini hicho?" msichana akauliza. "Meza yenyewe haiendi popote."

Mgeni akaacha mchi. "Dada, unanijaribu na wewe?"

"Jibu tu."

"Haya, mwalimu. Melini kila kitu kinateleza. Baba hakuweza kutwanga bila kitambaa chini, hata akiwa nchi kavu. Nasi tukaiga. Ukisahau, anakugonga kichwa na mwiko." Akatabasamu. "Wewe alikuwa hakugongi. Wewe ulikuwa yai."

Msichana akakitazama kile kitambaa. Miezi yote hiyo ya kutwanga, na Mama hakuwahi kumtajia kitambaa.

Mgeni akatwanga vitunguu na chumvi na bizari nyembamba mpaka vikawa uji. Akachemsha mafuta, akayamimina juu yake. Yakalia chwaaa! Huko kibarazani kiti cha Mama kikagongana na ukuta. Harufu ikajaa nyumba nzima. Kisha akatia maji ya machungwa, ya ndimu, na majani makavu aliyoyanusa kwanza kabla ya kuyafikicha. Mwisho akaponda kipande cha nanasi.

"Nanasi lina kiburi," akasema. "Ukimwacha kuku humu mpaka kesho, hutamla, utamnywa."

"Mwanangu!" Mama akaita. "Njoo."

Msichana akaenda.

"Alianza na nini?"

Angeweza kusema uongo. Neno moja tu lingetosha, na mgeni angeondoka kabla kuku hajaingia motoni. Alimtazama Mama, macho yake meupe yakingoja, mikono yake imeshikana.

"Alitandika kitambaa kibichi chini ya kinu," akasema.

Mama akafunika mdomo. Mabega yakaanza kutikisika. "Ni yeye," akasema. "Jamani, ni mwanangu. Amerudi."

Msichana akamshika bega, akaliacha. Akaingia chumbani, akavuta mkoba uliokuwa chini ya kitanda, akaanza kukunja nguo zake.

Bado alikuwa anakunja aliposikia mkono ukipapasa ukuta, ukifuata mlango, ukafika kitandani. Mama aliupata mkoba. Akaingiza mkono, akatoa gauni, akaliweka kitandani. Akatoa lingine.

"Mama, niache niende. Atajua tu."

"Atajua, kwa sababu nitamwambia mwenyewe. Dada yake nilimzika kwa mikono hii, kabla sijahamia mtaa huu, kabla wewe hujabisha hodi ukaniita mama." Akautupa mkoba mtupu chini. "Sasa futa uso, twende kwa kaka yako."