Haitham Akataa Kuapa

Hakimu alirudia mara ya pili: inua mkono wa kulia. Haitham alibaki ameikunja mikono yake tumboni, kana kwamba anasikia baridi.

Kwenye meza ya pili, Shaame alimkodolea macho. Usiinue, aliomba kimoyomoyo. Usiinue, ndugu yangu.

Alikuwa ametoka mji wa Euless, kaskazini mwa Texas, kabla ya alfajiri, mwendo wa saa nne na ushei hadi mahakama hii ndogo karibu na Sugar Land, kudai dola elfu tatu na mia sita. Ni bei ya mchele na tende za Ramadhani alizomshushia Haitham dukani kwake. Karatasi ya kupokelea mzigo ilikuwa na sahihi ya Haitham. Hapo hapakuwa na ubishi. Ubishi ulikuwa kwenye malipo. Haitham aliiandikia mahakama kwamba amelipa, tena taslimu. Risiti hakuwa nayo. Watu wa Unguja walioswali safu moja tangu kwao, nani anamdai mwenzake risiti? Alichobaki nacho ni mdomo wake, na mahakamani mdomo hausikilizwi mpaka uape.

Shaame naye hakuwa na pa kushika. Kodi ya ghala lake isipolipwa, mwisho wa mwezi mwenye ghala angebadilisha kufuli, na biashara ya miaka tisa ingeishia hapo. Wiki nzima hakula akashiba. Mkewe, Hadiya, ndiye aliyemtia moyo.

"Baba Yumna, we u-drive polepole tu, hutoshindwa," alimwambia. "Haitham namjua tangu kwetu Unguja, Vikokotoni. Yule haapi hata kwa haki yake, seuze kwa uongo."

Shaame mwenyewe alikuwa ameshaapa, tena wa kwanza, harakaharaka, macho yakiwa chini. Sasa alisubiri.

"Mheshimiwa, siapi," Haitham alisema hatimaye. "Jina la Mungu silitii kwenye pesa."

"Si lazima umtaje Mungu," hakimu alimwambia kwa upole. "Thibitisha tu kwamba utasema kweli."

"Anasikia hata asipotajwa."

Hakimu alishusha pumzi. Alieleza kwamba bila kiapo wala uthibitisho hawezi kuyapokea maneno yake. Akaitazama tena ile karatasi yenye sahihi, akampa Shaame ushindi: dola zote, na gharama za kesi juu yake. Kesi nzima haikuchukua hata robo saa. Shaame alitarajia furaha, lakini alikusanya karatasi zake bila kumtazama Haitham.

Nje, kwenye maegesho, jua la Texas lilikuwa limeshapamba moto. Haitham alimfuata mpaka mlangoni pa gari. Shaame alijiweka tayari kwa matusi. Hata ngumi siku hiyo angeipokea.

Haitham akatoa kitabu cha cheki, akaandika juu ya boneti, akachana, akamkabidhi. Hakuonekana mwenye hasira hata kidogo. Alikuwa akimtazama Shaame kwa huruma.

"Zile elfu tatu na mia sita nilizokupa mkononi siku ya Idi," alisema, "kama zilikwisha, si ungeniambia tu, Shaame? Ningekukopesha."