Goti la Jaji Lubasha

Katika mahakama kuu ya mji ule, desturi ilikuwa kwamba jaji anayewapinga wenzake husoma hukumu yake amesimama. Anayekubaliana nao hubaki kitini. Shamba la mjane Bi Nyamizi lingepitishwa reli iwapo majaji wote watatu wangekubali. Wawili walikwisha kukubali.

"Kaa tu, Lubasha," Jaji Mkuu alimnong'oneza yule wa tatu. "Goti lako bovu, na gavana amekutaja kwa kiti changu nikistaafu."

"Goti ni langu, mheshimiwa, na shamba ni lake."

Mkongojo wake ulikuwa umeanguka chini, na hakuna karani aliyethubutu kuuokota. Lubasha alishika meza kwa mikono miwili, akaanza kunyanyuka polepole. Nyuma ya ukumbi, Bi Nyamizi naye akasimama.