Nungunungu na Shairi la Kobe

Alikuwako Nungunungu, bingwa wa kanuni za ushairi, ila mlangoni pake hapakuwa na mtu wa kubisha hodi. Siku moja Kobe, jirani yake wa pekee, akamtumia shairi kwa mkono wa Njiwa.

Shairi hujibiwa kwa shairi, ndiyo ada. Nungunungu yeye alihesabu mizani, akaandika pembeni, "Mstari wa mwisho ni nusu. Kamilisha," akamrudishia Njiwa.

Kesho yake Njiwa akarejea nalo.

"Mwenye shairi tumemzika asubuhi, mzee."

Nungunungu akautazama tena ule mstari nusu, na safari hii akausoma: "Njoo, jirani, naumwa."

Akaketi akatunga jibu. Vina na mizani vikakaa barabara, kisha akakosa wa kumpelekea.