Kinu Ndani ya Wimbo

Uvumi ulimkuta Gertrude sokoni, na tangu hapo haukumtoka kichwani: watu wa uniforme, askari, wanamtafuta kijana aliyeimba ule wimbo, na kijana mwenyewe iko wa Saio, mtaa wake yeye.

Wimbo ulikuwa kwenye kila simu ya Bunia. Rap ya hasira, bila sura, bila jina. Sauti ilikuwa imeharibiwa makusudi hadi ikawa nene, kama mtu anayesema kutoka ndani ya pipa. Ilitaja vijiji vya Djugu vilivyoungua, kimoja kimoja, kisha ikauliza: *Mulikuwa munalinda nini, kama siye ndiyo tulikufa?*

Wengine walisema ni ukweli mtupu. Wengine walisema ni kuwatukana askari waliokufa wakitetea watu. Padri aliukataza kanisani, na kwa sababu hiyo hata watoto wakaujua wote.

Gertrude hakuogopa maneno. Aliogopa mlio. Chini ya maneno hapakuwa na ngoma. Palikuwa na kitu kinachopiga kwa mlio wa *tu*, kisha kinakwaruza. Tu, kisha kinakwaruza. Vijana walidhani ni mashine. Yeye alikijua. Kilikuwa kinu chake cha kutwangia sombe, majani ya mihogo, chenye ufa ubavuni, kile alichokimbia nacho kichwani siku walipotoka Djugu.

"Benzako balikimbia na matelas za kulalia," Léonie, jirani yake, alizoea kumcheka, "weye ukakimbia na muti muzima!"

Siku ile Léonie hakucheka. Alisimama uani akitega sikio. Nyuma ya nyumba Gracieuse, binti wa Gertrude, alikuwa anatwanga kama kila siku jua likianza kushuka, simu yake juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Mama Michée, ile kinu yenu inasikilikaka mbali, hein."

"Kinu ni kinu," Gertrude akajibu. 

Michée alikuwa mwanawe mkubwa, motard wa kubeba abiria kwa pikipiki, kofia kichwani na nyaya za muziki masikioni tangu asubuhi. Alipoingia kula, mama yake akaweka wimbo ule mbele ya sahani.

"Ni weye?"

"Miye? Mama, hata kantike ya kanisa inanishindaka."

"Usinichekeshe. Kinu iko yetu. Ni mwanaume gani mwengine iko mu hii nyumba?"

Michée akaacha kucheka. Akageuza macho kule nyuma, kwenye mlio wa mchi.

"Batu banasema ni miye?"

"Banasema ni kijana wa Saio."

"Basi baache bafikiri vile," akasema polepole. "Iko muzuri."

Mama akayachukua maneno yale kuwa ni kukubali. 

Akaamua kumtuma kwa gari hadi Mahagi-Port, kwa kaka yake Donatien anayeuza samaki. Barabara ile haikuwa salama, nani asiyejua? Lakini barabara inaua yeyote inayemkuta, akajiambia, na hawa wanatafuta mmoja tu. Alimfungia mihogo na chumvi, akamvalisha rozari yake mwenyewe.

Michée hakubisha. Alimgonga dada yake begani, kama walivyozoea kuchokozana.

"Leki, uchunge mama. Na utwange polepole."

Gracieuse alitaka kujibu, akafunika uso kwa kiganja. Gertrude alidhani ni huzuni ya kuachana tu.

Gari halikufika. Donatien ndiye aliyepiga simu. Watu wenye silaha walilizuia njiani wakaua abiria wote, Michée pamoja nao, na waliotoka vijiji vya karibu walikuwa wamekwisha kuwafunika wafu udongo kabla ndugu hawajapata njia ya kwenda. Rozari haikurudi.

Nyumba yenye matanga haitwangi. Walikilaza kinu ubavu, majirani wakaleta chakula, wanawake wakajaa kwenye mikeka. Watu wa uniforme walikuja nao. Walisimama mlangoni, wakaangalia picha ya Michée yenye kitambaa cheusi, wakaulizana kitu kwa Lingala, wakaenda.

"Angalau ile mambo imeisha," Léonie akanong'ona. "Mwenye wimbo amekufa. Nani atatafuta maiti?"

Gertrude alilia usiku na mchana. Alimtuma mwenyewe. Alimpandisha garini kwa mkono wake.

Matanga yakaisha. Kinu kikasimamishwa tena. Siku chache baadaye Léonie akaingia mbio, viatu mkononi.

"Mama Michée! Sikiliza. Iko anaimba! Mutoto yako iko anaimba!"

Sauti ilikuwa ile ile, nene, ya ndani ya pipa. Ilitaja waliokufa kwenye barabara ya Mahagi, jina kwa jina, na jina la kwanza lilikuwa Michée. Chini yake: tu, kisha kinakwaruza.

Léonie alipiga ishara ya msalaba. "Ni muzimu yake. Yesu!"

Gertrude aliomba kusikia tena. Akasikia tena, na tena, macho yamefumbwa. Kisha akarudisha simu. Mikono yake ilikuwa imetulia.

"Ndiyo," akasema. "Ni muzimu. Uende uambie batu bote, ni muzimu."

Léonie alipokwisha kutoka, Gertrude akafunga mlango kwa komeo. Akapita nyuma ya nyumba, akaketi chini kando ya kinu, akasema kwa sauti ndogo, neno moja baada ya lingine:

Usitwange kama mulango ya lupango, ile ya inje, iko wazi.

Usiache simu juu ya ndoo Léonie akiingia.

Usilie mu barabara ukisikia jina ya Michée, yaya yako.

Ukiimba, usivute pumzi mchi ikipanda, Gracieuse. Ni pale mwenye kutwanga anapumuaka.